Nauli Niliyoiweka Juu ya Joto

Kwa mdogo wangu Zuhura, bibi arusi wa Muyeye,

Salamu hizi zikukute hina haijakauka. Mama magoti yake vipi? Na wewe umetulia, au bado wajipima nguo kila saa? Mimi mwili wembe, moyo ndio mgonjwa.

Nisizunguke: sitakuja, Zuhura. Mimi nduguyo, niliyebaki mahali pa baba, niliyeapa kukaa mbele ya shehe nikuozeshe kwa mkono wangu, sina nauli. Niliichezea.

Usipige ukelele, sikiza. Huku kuna soko kwenye simu, watu hununua ndiyo au la: joto la kesho la mji huu litafika nyuzi arubaini na tatu, au halifiki? Ukipatia, utakula pesa za aliyekosea. Sasa mimi, fundi wa AC, nishindaye juu ya mapaa ya Waarabu, nani wa kunifundisha joto? Kila alfajiri nilifungua tabiri tatu za hali ya hewa. Moja hutia chumvi, nyingine yaogopa, ya tatu husema kweli mpaka vumbi livume. Tabia zao nimeziandika kwenye boksi la majani ya chai. Wiki tatu sikukosa! Chumbani wakaniita Profesa, nami nikaitika.

Masharti yalikuwa ya Kizungu, na shule yangu waijua ilikoishia. Kombo wa Mambrui, mimi kitanda cha juu yeye cha chini miaka minne, ndiye akinisomea. Nikamuuliza, "Kipimajoto chenyewe kiko wapi?" Akasoma kwa sauti kama khatibu: "Kiko katikati ya mji." Mtu wa kwenu akikusomea, utamdai shahidi? Nikaweka nauli yote kwenye ndiyo.

Katikati ya mji siku ile zilifika arubaini na nne. Nikapiga vigelegele peke yangu juu ya paa. Jioni naambiwa nimekosa! Kipimajoto kilichoandikwa kiko uwanja wa ndege, ufukweni, na mchana upepo wa bahari uliingia, kikaishia arubaini na moja. Mimi, mtoto wa Malindi, nijuaye Langobaya kule bara wanavyoungua na sisi pwani twapepewa!

Na nani aliyenunua la? Kombo. Nikamkamata shati. Akacheka: "Profesa, soko ni soko. Wewe ndiyo, mimi la. Chuki za nini?"

Kesho apanda ndege kuja kwao, kwa nauli yangu. Barua hii ataileta yeye. Nimeifunga kwa gundi.

Basi kwa maandishi haya namweka ami Athmani kuwa wakili wangu, akuozeshe badala yangu. Ashike mkono wa bwana arusi kwa nguvu, kama ningeushika mimi. Msalimie mama, bila habari za kamari. Msalimie shangazi Mwanaisha, mpishi wetu wa pilau, na jirani Kadzo muuza mahamri, sanduku aliloniazima nikisafiri bado ninalo. Kombo naye mpe pilau, nyama usimnyime. Tumekula sinia moja miaka minne.

Ila kabla hajanawa, mkalishe mbele yako na ami, mpe barua hii aisome kwa sauti, toka juu mpaka chini. Nataka kujua leo atasoma kilichoandikwa, au atawasomea kingine.

Nduguyo, aliyekupeleka arusini kwa karatasi,
Faraji