Profesa Kaniibia Hadi Kosa Langu

Wilma shosti, hebu sikia haya.

Profesa Fairburn kasimama kwenye semina, kasoma ugunduzi WANGU. Lile daftari la mbunge wa Uingereza wa karne ya kumi na saba, aliyeiandika hotuba moja mara mbili: ya kumtetea mfalme na ya kumpinga. "Nimegundua," anasema. Kagundua! Kwenye rasimu niliyompa yeye peke yake.

Nikamuuliza, "Profesa, daftari umelisoma mwenyewe?"

"Kwa macho yangu haya, Tamsin mpenzi."

Kwa macho yake!

Sasa mbona kataja Februari 1641? Hilo ni kosa la rasimu yangu, nilisahau kuugeuza mwaka. Zamani hizo Waingereza walianza mwaka mwezi Machi, kwa hiyo Februari yao ya 1641 kwetu ni 1642. Na aliyenifundisha kuukwepa mtego huo ni yeye!

Nikamwambia mbele ya wote, "Umeninakili hadi kosa." Mzee kawa mwekundu kama kamba wa kuchemshwa.

Barua ya kunidhamini kwenye usaili wa kazi wa Ijumaa anaiandika yeye. Nimeshaiaga.

Miaka saba namchekea vichekesho vyake vibovu, Wilma. Angeniomba tu, ningempa.