Jina Lako Kwenye Filamu

Mzee Mafuru,

Shikamoo. Najua marahaba haitakuja, lakini naanza na heshima kwa sababu yanayofuata hayana heshima.

Umenichosha, Mzee. Miaka yote nilikuchapia miswada yako ya filamu kwenye kibanda changu cha stesheneri hapa Iringo, nikikuomba jambo moja tu: nunua daftari lako. Wewe muswada wa mwisho ukauandika ndani ya daftari la vikao vya kanisa, eti katibu hawezi kukaa na kalamu bure. Sasa mwongozaji amekuja kutoka Mwanza anautaka, na ameahidi jina lako litatokea mwanzoni kabisa. Jina lako! Lile ambalo hatukuliona kwenye kasha hata moja la filamu tulilopekua sokoni Bunda. Kule Butiama ulilipa kiingilio banda la video kutazama kazi yako mwenyewe, ukakaa nyuma kama mtu baki. Hata msibani wasifu wako ulisema tu ulikuwa katibu wa kanisa. Nililia, na zaidi ilikuwa hasira.

Wazee wa kanisa Makoko wamekataza daftari lisitoke. Wamekubali ninakili palepale ofisini. Leo siku ya tatu, na sijui kipi ni kikao na kipi ni filamu! Ajenda ya choo cha kanisa umeandika mhazini "anafuta jasho, anakwepa macho ya mchungaji." Nani anaandika muhtasari wa kikao hivyo?

Halafu nikafika pale mwanamke anaposimama na kusema: "Mungu ananisikiaga hata nikinyamaza. Nyie hata nikipiga kelele hamnisikii." Nikaweka kalamu chini. Nikasema hapa sasa ni filamu, huyu ndiye Mzee wangu. Mama Nyangeta, yule mjane wa Mugeta anayefagia kanisa, alikuwa mlangoni na ufagio, nikamsomea kwa majivuno.

Wala hakushtuka. "Hayo ya kwangu," akasema. "Nilisemaga siku ile ya choo, wakacheka wote. Mafuru tu ndo hakucheka. Alikuwa anaandika."

Nikarudi kwenye ukurasa. Mhazini umemtaja kwa jina. Mchungaji umemtaja. Yeye umemwandika "Mwanamke", basi. Wewe, Mzee! Wewe uliyeninung'unikia miaka yote kwamba watu wanakula kazi yako na hawakutaji. Nilitamani ufufuke dakika tano tu nikugombeze, kisha tunywe chai.

Nimekukumbuka mno, ndiyo maana nafoka. Lala salama. Nimemwambia mwongozaji majina ni mawili, la sivyo hapati hata karatasi moja, na hilo nakuahidi nitalisimamia mpaka filamu itoke. Lako litakuwepo. La Nyangeta litatangulia.

Usinune.

Mchapaji wako,
Rebeka