Mfuniko wa Sufuria

Jumatatu, 1 Desemba

Mabenda tena, bamia zenye ute. Leo nimeyaponda mabichi kwenye bakuli, nikaongeza papai lililoiva kupita kiasi, nikatia mkono na kuvuruga. Kaka Safari akashika kinasa sauti juu ya vidole vyangu. Hiyo ndiyo sauti ya jini akila mtu. Ukifumba macho unasadiki. Nimenawa kwa ndimu na bado vidole vinanuka.

Kaka Safari ni mtoto wa mama mkubwa. Ana podikasti, Zima Taa: majini, wachawi, magofu, makaburi ya kale. Anarekodia chumbani kwake, hapa hapa Kibarani. Mablanketi ukutani, feni imezimwa kwa sababu inavuma. Tunatoka jasho kama mikate. Yeye anasimulia. Mimi natengeneza sauti, kisha nakaa kwenye kompyuta yake kuondoa kukohoa kwake, majogoo na pikipiki. Hainilazimu kuzungumza na watu. Ndiyo maana nilikubali. Mama naye anasema bora hivyo kuliko kulala mchana kutwa nikingoja matokeo ya mtihani.

Jumatano, 3 Desemba

Nilimpelekea kisa nilichopewa na bibi, kwa nini zamani ilikuwa mwiko kupiga mluzi ndani ya msitu wa kaya, ule mtakatifu wa wazee. Nilikiandika kwa makini. Alisoma nusu ukurasa.

"Mdogo wangu, hiki ni cha mtihani wa fasihi. Msikilizaji wangu anataka kuogopa kwenda chooni."

Kipindi kijacho ni Mwanamke wa Kisima. Jini anakaa kwenye kisima kikavu katika magofu. Analia, vijana wanafuata kilio, anawala. Nilimwuliza nani alimsimulia. Akasema kisima kipo, jini atamtia yeye. Na kwenye kipindi atasema "wazee wanasimulia". Hakuna mzee. Kuna yeye na soda yake.

Imenikera. Nimerudi kuondoa majogoo.

Ijumaa, 5 Desemba

Leo kanipa faili la kilio. Kikae mara tu kabla ya mabenda yangu.

Nikavaa spika za masikioni. Kilio cha mwanamke, kirefu, kinapanda, kinakwama kooni, kinapanda tena, halafu kinakatika ghafla. Vinyweleo vya mikono vilinisimama. Nikawaza, mwigizaji huyu kampata wapi. Nikakirudia ili nisafishe kelele za nyuma. Nyuma kulikuwa na bati linaanguka kwenye saruji. Linazunguka, linazunguka, linatulia.

Naujua mfuniko ule. Niliuangusha mimi.

Ilikuwa mwezi wa nane, matangani kwa Kahindi, kijana wa jirani yetu. Aligongwa na lori barabara ya Malindi akiwa kwenye pikipiki. Nilikuwa naosha sufuria uani. Mwili ulipoingizwa, mamake akalia, na mimi nikauachia mfuniko. Watu wote wakageuka kunitazama. Hata yeye, Mama Kahindi, katikati ya kilio chake. Nilitamani ardhi inimeze.

Kwa hiyo hakuna mwigizaji. Ni Mama Kahindi anamlilia mwanawe, na baada yake mkono wangu unavuruga papai.

Nimevua spika, nimetoka nje. Kaka Safari alidhani ni joto.

Jumamosi, 6 Desemba

Nimemwambia. Hakukana. Siku ile simu ilikuwa mfukoni mwake, inarekodi. Hukusanya sauti kila aendako, anasema. Sokoni, kanisani, hospitalini.

"Nani atamjua? Nimekata maneno yote. Nimeishusha sauti. Hata yeye mwenyewe hawezi kujijua."

Nikasema ni vibaya. Nilikuwa na mengi zaidi kifuani, yakatoka hayo mawili tu.

"Kumbe unaongea," akasema, akacheka, akanipigapiga kichwani kama mbuzi.

Sikukimaliza kipindi. Alikimalizia mwenyewe na jioni akakipakia mtandaoni.

Jumanne, 9 Desemba

Kimeenea. Kwa kinyozi wanakisikiliza. Binti wa duka la M-Pesa alikuwa akimsimulia mteja, ameshika kifua. Wote wanasifu kilio. "Kile kilio kimeniganda." "Yule jini aongezwe." Mmoja ameandika kwamba akikisikia anasikia njaa, akaweka picha ya pilau.

Kuna aliyekikata kikawa mlio wa simu. Vijana wa bodaboda wote wanao. Na Mama Kahindi anakaanga mahamri pale pale kituoni kwao, chini ya mwavuli, kila asubuhi.

Sitaki asikie. Hilo tu ndilo ninalolitaka duniani sasa. Sitaki hata matokeo.

Alhamisi, 11 Desemba

Nimemwandikia Kaka Safari ujumbe mrefu. Nimemsihi akiondoe. Amejibu kwa vikatuni vya kucheka.

Naenda kituoni kila asubuhi. Najidai nanunua mahamri, nakaa kwenye kibao karibu na karai. Simu ikilia naruka. Sijui kilio kikisikika nitafanya nini. Nitamziba masikio?

Anadhani nampenda kwa mahamri yake. Ananichagulia yaliyovimba vizuri. "Kula, mwanangu, umekonda kwa kusoma." Wanawake wanapita wanamsalimu, Mama Kahindi, Mama Kahindi. Kila anayemwita anamtaja marehemu. Sikuwahi kulifikiria hilo.

Jioni Kaka Safari amenipigia. Hakutaja ujumbe wangu. Anataka kilio kipya kwa kipindi cha Krismasi, wasikilizaji wamezoea cha kwanza. Akauliza kama nimesikia wiki hii kuna matanga wapi.

Nilikata simu. Nilihisi kama nimelamba kitu kilichooza. Namchukia. Nachukia kwamba anachekesha, kwamba mama anampenda, kwamba mimi mwenyewe nilicheka mara nyingi mle chumbani.

Jumamosi, 13 Desemba

Amesikia.

Nilikuwa kwenye kibao changu. Jefwa, kijana wa bodaboda mwenye jaketi la manjano, alikuwa akipiga hesabu za pikipiki atakayonunua. Simu yake ikalia. Kilio chote. Wenzake wakacheka, mmoja akaanza kutafuna kwa kelele kama mabenda yangu.

Mama Kahindi akainua kijiti kutoka kwenye mafuta.

"Huyo ni nani?"

"Ni jini, mama," Jefwa akasema. "Wa kisimani. Anawala vijana wazuri, ndiyo maana huyu bado yu hai." Akamwonyesha mwenzake.

"Hebu upige tena mlio huo."

Jefwa akaupiga. Mama Kahindi akasikiliza ameinamisha kichwa, kama mtu anayetafuta mahali kidonge kimeanguka.

"Jini gani," akasema. "Huyo amefiwa."

Nikadhani limeisha hapo. Nikadhani Kaka Safari alisema kweli, hawezi kujijua.

Simu ikaendelea. Mfuniko ukaanguka. Ukazunguka, ukazunguka, ukatulia.

Mama Kahindi akageuka akanitazama. Vile vile kama siku ile. Macho yale yale.

Mahamri yalianza kuungua. Hakuna aliyeyageuza.

"Ni wewe, mama," nikasema. Mbele ya watu wote. Sijui sauti ilitoka wapi.

Jumapili, 14 Desemba

Jana, vijana walipoondoka, nilimweleza Mama Kahindi yote, na leo alinipitia baada ya kanisa, akiwa bado na leso yake ya ibada. Tulikwenda pamoja kwa Kaka Safari.

Kaka Safari alipofungua mlango uso ulimbadilika rangi. "Shikamoo, mama."

"Marahaba." Akaingia, akatazama mablanketi ukutani. "Mbona unalala kama mgonjwa wa homa?"

Alikaribishwa kiti, akaketi kitandani. Kaka Safari akaanza kueleza. Sanaa. Mazingira. Jina halikutajwa popote. Mama Kahindi alimwacha mpaka maneno yakamwishia.

"Safari. Siku ile uliketi jamvini kwangu. Nilikuona, mtoto wa watu, nikafurahi umekuja. Ulikula wali wangu, ukaondoka na kilio changu mfukoni."

Hakupaza sauti. Kaka Safari alitazama miguu yake.

Kisha Mama Kahindi akataka kusikia. Si kile cha kipindi. Kile chote, kabla ya kukatwa. Nikamvalisha spika za masikioni, moja iliteleza kwenye leso, nikaishikilia kwa kidole. Alisikiliza mpaka mwisho. Hakulia. Midomo yake tu ilikuwa ikienda, ikifuata.

"Kilio chenyewe sikikumbuki," akasema. "Nilidhani nilinyamaza. Watu waliniambia nililia, nikawa siwaamini." Halafu akanyoosha kidole kwenye kompyuta, kama anayeonyesha doa. "Hapa mwisho nilikuwa namwita. Mmekata jina lake."

Ndivyo. Kinapokatika ghafla, pale ambapo watu wote wanashtuka, ndipo jina la Kahindi lilipokuwa.

Kaka Safari akakiondoa kipindi mbele yetu. Mara mbili alibofya mahali pasipo. Mimi nikaweka kilio kizima kwenye kadi ya kumbukumbu ya simu ya Mama Kahindi, kile chenye jina, kama alivyotaka. Kwenye kompyuta nikafuta. Kaka Safari akaleta soda. Mama Kahindi alikataa.

Ijumaa, 19 Desemba

Sijarudi kule. Kaka Safari amempigia mama, anauliza kama nina hasira. Mama kaniuliza hasira za nini. Nimesema joto tu.

Jana mama alipika mabenda kwa nazi. Sikula.

Leo nimekwenda kituoni mapema. Mama Kahindi anafundisha mkono wangu kusukuma unga. Anasema nina mikono mizito lakini tutafika. Vijana walikuwa wakibishana kuhusu mpira. Simu ya Jefwa ikalia na ni kilio kile kile. Kufuta mtandaoni hakufiki mifukoni mwa watu. Na Jefwa alidhani siku ile nilitania; hakuna aliyemweleza zaidi. Alijipapasa jaketi, suruali, jaketi tena. Kilio kikapanda, kikakwama, kikapanda, kikakatika pale pale kinapokatika, kikaanza upya.

Nilimtazama Mama Kahindi. Hakugeuka. Aligeuza hamri moja, akaligeuza na jingine.

"Pokea, baba," akamwambia. "Mamako anakuita."

Jefwa akacheka, akapokea. Kweli alikuwa mamake. Anamuuliza kama amekula.

Unga uliobaki ulikuwa wazi na nzi walianza kuja. Nikauchukua mfuniko wa sufuria kwa mikono miwili, nikaufunika polepole. Haukulia.