Pumzi Iliyokosekana Kwenye "Mvua ya Olmotonyi"

Kaka Anaeli,

Leo sikuamkii. Tangu tufahamiane sijawahi kukupita bila shikamoo, nawe ulikuwa ukiitikia huku vidole vinaendelea kutafuta nyuzi za gitaa, lakini leo utanivumilia. Nina hasira na wewe. Mchungaji ameniambia marehemu hakasirikiwi, anaombewa. Nimekuombea, na hasira iko palepale, kwa hiyo nimeona bora nikuandikie.

Habari za huku kwanza, usije ukasema sina adabu. Kaburi lako limejengewa. Wifi alitaka vigae vya rangi ya udongo, wanao wakamshinda, wakaweka vyeupe, na sasa vumbi lote la Olmotonyi linaonekana juu yako. Migomba ya pembeni imezaa mwaka huu kuliko miaka yote. Nilimwambia wifi labda ni wewe unayeirutubisha, akanitazama vibaya. Unanijua, nikiwa na uchungu naongea ovyo.

Bendi haijafa. Vijana wamepata mpiga gitaa mwingine, ni fundi, ila anapiga kama mtu anayekimbizwa na mbwa. Na ile albamu uliyokuwa ukiipanga mpaka ukiwa kitandani mgonjwa imetoka. *Mbega wa Meru: Tangu Mwanzo*. Nyimbo zote zimo, kuanzia zile za enzi tulipokuwa tunapiga kwenye harusi kwa spika ya kuazima, tukichukua nyimbo za bibi zetu za Kimeru na Kichaga na kuzitia gitaa la umeme, wazee wakasema tumelaaniwa mpaka walipoanza kucheza wenyewe. Zinaishia kwenye ule wimbo wa mwisho ambamo unasikika ukimeza kikohozi kati ya beti. Kwenye jalada tumepigwa picha wote, mimi nimevaa kitenge, tumbo limetangulia mbele. Mimba ya Neema.

Uzinduzi ulifanyika mjini, ukumbi ukajaa. Mimi nikakalishwa mbele na kupewa maua kama mama mkwe. Neema alikaa kando yangu na mtoto wake mapajani. Alikuwa amekuja kwa jambo moja tu, kusikia "Mvua ya Olmotonyi".

Unajua kwa nini. Kwenye kaseti tulizouza mimi naitikia tu na wenzangu, huwezi kunitoa kati yao. Wimbo niliouimba peke yangu ni ule mmoja, na haukutoka, kwa sababu msambazaji alisema ni mrefu na hauchezeki, kanda zake ukabaki nazo wewe. Halafu ikaja ile tezi ya shingo. Daktari alinieleza mapema kwamba nikipasuliwa sauti inaweza kupotea, nikakubali, kwa kuwa nilitaka kumlea mwanangu. Nilipona. Sauti ikabaki hii uliyoizoea, ya kukwaruza, ya kuitia watu chakula na kufukuzia kuku. Neema hata shule alikuwa hajaanza. Hakumbuki chochote.

Ulikuja kuniona nyumbani bandeji ingali shingoni. Nilikuwa nalia bila sauti, na kulia bila sauti ni kazi ngumu kweli. Ukaniambia, "Usilie, Aika. Sauti yako ninayo mimi. Iko kabatini kwangu, kavu kabisa." Nilinyamaza siku ileile. Na kila Krismasi tulipokuja kwenu kula ndafu, yule mbuzi mzima wa kuchoma, nilikuwa nakuuliza, kama mtu anayeulizia mtoto aliyempeleka kwa ndugu, "Kanda zangu hazijambo?" Nawe unajibu, "Hazijambo, zinakusalimia." Tunacheka. Wifi naye anacheka.

Basi wimbo ukaanza. Gitaa lako, lenyewe kabisa, nikasisimka. Sauti ikaingia, nzuri, ya juu, ya ujana, na Neema akanishika mkono akaanza kulia. Watu wakageuka kunitazama. Kuna mzee akasimama akanipigia makofi. Nami nikatabasamu, kaka. Kwa ubeti mzima nilikaa pale nikitabasamu na kujisikia mrembo.

Kisha ukaja ule mstari wa mvua kushuka mlimani. Unakumbuka chumba kile cha Kijenge tulikorekodia, magodoro tumeyaegemeza ukutani, joto la kufa mtu, na mimi mtoto amenibana mbavu? Katikati ya mstari nilikatika. Nikavuta pumzi kwa nguvu mpaka kanda ikainasa, kisha nikaumalizia. Nilitaka turudie. Ukakataa katakata. Ulisema, "Iache hapo. Mtoto naye kaimba." Hadithi hiyo nimemsimulia Neema tangu akiwa mdogo. Ndiyo pumzi aliyokuwa anaisubiri pale ukumbini.

Haikuja. Mstari ulipita wote laini, kama kitambaa kilichopigwa pasi. Nikadhani vijana wa mitambo wameifuta ili wimbo upendeze. Nikasikiliza zaidi. Hata mistari mingine haikuwa yangu, sauti yote ilikuwa ya mtu mwingine. Nilibaki nimekaa kama niliyemwagiwa maji, na tabasamu bado liko usoni kwa sababu nilisahau kuliondoa. Neema alininong'oneza, "Pumzi imenipita, mama, nilikuwa nalia." Nikamwitikia kwa kichwa.

Wakati wa soda akanijia binti mmoja, Glory, anaimba kwaya kule Sokon One. Ana heshima, alipiga goti kabisa. "Shikamoo mama. Nilijitahidi? Mwalimu alinisisitiza nikuige vilevile. Alisema wewe mwenyewe umenipa baraka." Mwalimu ni wewe. Nikamuuliza walirekodia wapi, akasema Kisongo, na kwamba kila ndege ikiruka ilibidi msubiri ipite. Kisongo, Anaeli! Uliniambia unaenda Kisongo kuangalia ng'ombe wa shemeji yako. Na mimi Jumamosi nakuletea mtori wa ndizi, nimeusaga mwenyewe ili usikukwame, nakulisha kwa kijiko, unalalamika umechoka. Kumbe umechoka kwa kazi ya kunifuta. Siku moja ulinishika mkono ukasema, "Aika, utanisamehe mengi." Nikakuambia acha maneno, kula.

Nilimfuata wifi. Yeye hana kosa, maskini, alidhani ulishaniambia zamani na tumeelewana. Ndiye aliyenieleza kwamba kanda hazikuwahi kukaa kabatini hata siku moja. Zilikuwa stoo, juu ya magunia ya mahindi, paa linavuja. Zikaota kuvu zikanata. Ulizichoma wewe mwenyewe nyuma ya zizi, wakati Neema akiwa bado shule ya msingi. Gitaa lako lilisalimika kwa sababu ulikuwa umelirekodi kwenye kanda nyingine, na hiyo uliitunza ndani.

Hapo ndipo ulipoanza kuniuma. Kuvu ni kuvu, paa huvuja hata kwa watu wema. Ungekuja ukaniambia, "Aika, zimeharibika," ningelia, ningekutukana kwa Kichaga usielewe, kisha tungekunywa chai. Lakini Krismasi ngapi zimepita baada ya moto ule, nawe unaniambia zinanisalimia? Umenipaka mafuta kwa mgongo wa chupa mpaka nikazeeka. Halafu kufunika uongo wako ukaenda kutafuta binti wa watu, ukamwagiza aimbe kama mimi, ukampa jina langu alivae. Nimelitazama jalada. Limeandikwa, "Sauti: Aika." Yule mtoto ameimba vizuri, tena vizuri sana, na jina lake haliko popote. Umetuibia wote wawili kwa mkono mmoja.

Mwanzoni niliamua kunyamaza. Neema alikuwa ameuweka wimbo kwenye simu, anamlazia mtoto kila mchana, anamwambia, "Msikilize bibi." Mtoto analala. Nikajiambia, wana ubaya gani wakifurahi? Lakini nilikuwa nikisikia vile natoka nje, najifanya nakata majani ya ng'ombe. Siwezi kukaa ndani ya nyumba yangu nikimwonea wivu mtu anayedaiwa kuwa ni mimi. Na kila nilivyozidi kunyamaza nilijiona nakuwa wewe.

Nimeshamwambia wifi kwamba jina langu litolewe kwenye wimbo ule na la Glory liwekwe. Alisema watu watasemaje juu ya marehemu. Nikamwambia watasema alidanganya, na itakuwa kweli, na bado watakuja kumwekea maua kwa sababu nyimbo zake ni nzuri. Vijana wamekubali kurekebisha. Glory alilia kwenye simu, akaniomba msamaha, nikamwambia hana cha kuombea msamaha ila asiache kuimba.

Halafu nikamwambia Neema. Ilikuwa baada ya ibada, ananyonyesha, simu iko kando yake inaimba. Nilimweleza yote, stoo, kuvu, moto, Kisongo, na kwamba anayemsikia ni Glory. Nilidhani atakutukana, au atanitukana mimi. Alizima simu. Akamhamishia mtoto upande wa pili, akaniuliza taratibu, "Kwa hiyo mama, mimi sijawahi kukusikia?"

Nikamwambia, "Hujawahi."

Akasema, "Ilikuwaje, sauti yako?"

Nilijaribu, kaka. Nikasema ilikuwa nzito kidogo huko chini, kisha ikipanda inakuwa, inakuwa, nikakwama. Nikasema ilikuwa nzuri, nikaona haya kama muuza nyanya anayesifia mzigo wake. Mwimbaji hajisikii kama anavyosikiwa. Mimi nilikuwa ndani yake, sikuwahi kukaa mbele yake. Aliyekaa mbele yake ni wewe, gitaa mapajani, umefumba macho, miaka yote ile. Nilinyoosha mkono nichukue simu nikupigie umweleze mwanangu. Hasira zote hizi, na bado ni wewe niliyekutaka.

Nikaweka simu chini. Neema alikuwa anasubiri.

Kwaheri, Anaeli. Nitakuja kuviosha vigae vyako kabla ya mvua, na nitakuja nikiwa nimenuna. Nakuahidi jambo moja, kwamba sitamtungia Neema uongo. Akiuliza tena sauti yangu ilikuwaje, nitamwambia alikuwepo mtu mmoja aliyeijua vizuri, na tumemzika.

Aika