Vyumba Vinne, Mtu Mmoja

Ijumaa jioni, Singida mjini

Kumbe miaka yote hii tulikuwa tunalipa riba zaidi kuliko deni.

Leo baada ya vipindi nilipita benki kuuliza mkopo wa nyumba umebaki kiasi gani. Nilitegemea angalau robo imeondoka. Dada wa mikopo akanigeuzia kompyuta nijionee.

"Mwalimu, miaka ya mwanzo sehemu kubwa ya rejesho inakwenda kwenye riba. Mkija kumaliza, mtakuwa mmelipa karibu mara mbili ya mlichokopa."

Nikamshukuru, kana kwamba amenipa zawadi. Mkataba ulisema hivyo hivyo. Sisi macho yalikuwa kwenye ramani ya nyumba.

Ili rejesho lisitushinde, mume wangu Joseph alikwenda kufanya kazi mgodini Geita. Anakuja Krismasi, akipewa ruhusa. Nyumba ina vyumba vinne, nami nalala kimoja. Kile tulichosema ni cha watoto kina magunia ya alizeti.

Nimempigia. "Tuipangishe, Joseph. Kodi isaidie rejesho. Mimi nihamie nyumba ya shule, wewe urudi."

Akaniuliza: "Tumehangaika hivi ili wakae watu wengine?"

"Sasa hivi anakaa nani?"

Akasema zamu yake inaanza, akakata. Nimekula ugali wa asubuhi, bila hata kuupasha.

Sasa hivi ujumbe wake umeingia: "Hapo mtaani nyumba kama yetu wanapangisha bei gani?"

Sijui bei. Nimelia kwanza.