Kicheko Palipokuwa Kimya

Jumatatu, 3 Machi

Kinyaa. Kinyaa kitupu! Nimenawa mikono mara mbili, bado najiona mchafu.

Kila Jumatatu bosi hutuzungusha mezani: nani kaleta nini kutoka nyumbani? Ndivyo tunavyopika kichekesho chetu cha televisheni, msimu wa sita sasa. Mume akikoroma, leta. Shemeji akivunja kochi, leta. Leo nilisema sina kitu. Basi Kasuku – mwandishi mwenzangu, hana chake ila vya wenzake – akasafisha koo. Eti mama wa mwenzetu mmoja kaweka simu kwenye jokofu, halafu kamfungulia mlango binti yake wa kumzaa: karibu dada, unamtafuta nani?

Mama yangu huyo! Nilimwambia Kasuku kwenye ngazi, wawili tu, machozi yananitoka. Chumba kizima kikaangua kicheko. Bosi akapiga meza: ndiyo hiyo, Bi Kero aanze kusahau! Bi Kero, bibi mkali wa kipindi chetu, niliyemwandika mimi tangu siku ya kwanza. Mama hana raha nyingine wiki nzima ila Bi Kero.

Jumanne, 4 Machi

Nimemwendea bosi. Nimemwomba aache, ni mama yangu. Kanitazama kama mtu anayesubiri lifti. Eti si lazima niandike mimi, Kasuku yuko tayari. Mshenzi! Kasuku atamvua mama nguo mbele ya nchi nzima. Nimesema nitaandika mwenyewe. Angalau mkono wangu utamsitiri.

Nimempigia dada, nikitaka anihurumie. Wapi! Kanikumbusha kochi lile nililolipeleka mezani: aliyelivunja ni mumewe, na hakuna aliyemwomba ruhusa. Mkuki kwa nguruwe, kasema, akakata.

Ijumaa, 14 Machi

Nimemaliza. Simu ya jokofuni nimeiacha, hata mama mwenyewe angeicheka. Lakini Bi Kero anapomwuliza binti yake unamtafuta nani, binti anajibu: nakutafuta wewe, mama. Hapo nimeandika kwa herufi kubwa: KIMYA. Hakuna kicheko. Mwigizaji wa Bi Kero alilia kwenye mazoezi, wanja ukamchuruzika, ikabidi apakwe upya. Nikajisemea, haya, tumepona.

Alhamisi, 27 Machi

Hatukupona.

Chumba cha uhariri. Fundi sauti kabonyeza kitufe, kikamwagika kicheko cha kurekodi, kilekile cha miaka yote, kile chenye mwanamke anayekohoa ndani yake. Juu ya KIMYA changu! Nikapiga kelele. Maskini, yeye katumwa tu: bosi hataki watazamaji wadhani televisheni zao zimeharibika. Nikamtafuta bosi. Kasafiri. Kasuku akanijia na mkono wa pongezi, umelowa jasho. Nikamwacha nao hewani.

Jumapili, 30 Machi

Kipindi kinarushwa hivi sasa. Niliificha rimoti chini ya mto. Mama kaipata! Miwani hajui iko wapi, lakini rimoti kaipata.

Naandika nimekaa ukingoni mwa kochi. Asubuhi yote amekuwa mzima – kaniita kwa jina langu, kanigombeza kwa kuvaa sketi iliyokunjamana. Siku kama hizi sasa ni za kuombea. Na imeangukia leo! Simu ilipotolewa kwenye jokofu alicheka hadi akajishika mbavu. Nikapumua kidogo.

Sasa mlango. Karibu dada, unamtafuta nani? Nakutafuta wewe, mama. Watu mia wanacheka.

Mama hacheki. Kainama mbele, mikono magotini. Anauliza hawa wanacheka nini, hawaoni huyu mama anaumwa? Kisha kanigeukia, ananitaja jina. Anauliza huyu bibi hana watoto, hana hata mmoja wa kuwazuia watu hawa?

Nimesema subiri mama, namalizia kuandika kitu. Kaweka rimoti chini. Anasubiri.