Goti la Mama

Kambini Morogoro,
4 Februari 2025

Mama yangu,

Shikamoo. Naomba karatasi hii ikukute umekaa, maana najua ukisimama goti linalalamika. Linaendeleaje na hizi mvua? Lichue na usilibebeshe ndoo.

Utashangaa kupata barua badala ya kupigiwa. Tulipofika hapa katibu wa klabu alipita na ndoo akakusanya simu za wasichana wote, eti tutulize akili. Timu ya wanaume wanakaa jengo la pili, ua ni huu huu mmoja, na simu zao wanatembea nazo. Kwa hiyo tutaandikiana kama mlivyokuwa mkiandikiana na baba. Konda wa basi la Ifakara amekubali kuwa posta wetu.

Mimi sijambo kabisa. Chakula tunakula mpaka tunasaza. Kocha wetu, mwalimu Maximilian, amenipa jezi namba nane, kiungo, nafasi niliyoiota tangu nacheza na wavulana kule mnadani. Dosari ni bukta tu. Ni nyeupe, walizoziacha wanaume msimu wa juzi, na ni kubwa hasa. Aliyevaa yangu lazima alikuwa na mapaja kama magunia ya mpunga. Tunazikaza kwa kamba za viatu, maisha yanaendelea.

Wasalimie wote, na Firdausi umwambie sijasahau deni la kumletea ushindi.

Kitindamimba wako,
Omega

*

Ifakara,
20 Februari 2025

Omega wangu,

Marahaba. Barua yako imenifikia ikiwa imekunjamana na inanuka karanga, lakini imefika. Nimefurahi unasaza chakula. Hapa nyumbani hukuwahi kusaza hata ukoko.

Mimi ni mzima, ukiondoa hilo goti. Cherehani yangu bado iko kibarazani kwenye duka la Firdausi, na kazi zimenijaa. Kwaya ya parokia wanataka sare mpya za Pasaka, watu thelathini, na Paskazia kiongozi wao anakuja kila siku kunihesabia siku zilizobaki, kama vile mimi sina kalenda.

Sasa nikuulize. Jumapili tulifungulia redio, mimi na Firdausi, kusikiliza mechi yenu. Firdausi alifunga hadi duka, na wewe unamjua, hafungi duka hata kwa msiba wa jirani. Mtangazaji akataja kikosi. Alipofika namba nane akataja mtoto wa watu mwingine. Firdausi akasema labda kakosea. Nikasikiliza hadi mwisho, jina lako halikutajwa, hata kwa wale wa akiba.

Umefanya nini, au umefanywa nini? Niandikie upesi. Nimekosea mikono miwili ya nguo za kwaya kwa mawazo.

Mama yako

*

Kambini Morogoro,
28 Februari 2025

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Pole kwa mawazo, na pole kwa goti.

Mtangazaji hakukosea. Asubuhi ya mechi goti lilinikaza, la kushoto kama lako, nikamwambia mwalimu sitaweza. Labda nimelirithi. Wasichana wananitania kwamba nimeanza uzee.

Ila jambo limekuwa kubwa kuliko nilivyodhani. Daktari wa klabu ni wa timu ya wanaume, sisi hatugusi. Na katibu amesema msichana mwenye jeraha arudi kwao akajiuguze, kambi si wodi. Kama mpaka mwisho wa Machi sijawa sawa, nafasi yangu anapewa mwingine na mimi nafungasha.

Usihuzunike sana. Nikirudi nitakusaidia kushona vifungo, na jioni tutachuana magoti.

Binti yako,
Omega

*

Ifakara,
7 Machi 2025

Omega,

Leo sikuulizi hali. Nikikuuliza utanipa uongo, na mimi nitakupa wangu, kama tulivyozoea.

Barua yako nimeisoma mara tatu. Goti halirithiwi, mwanangu, hasa hili, kwa sababu goti langu halijawahi kuuma hata siku moja.

Keti nikwambie. Mwaka 1993 nilikuwa darasa la saba Mchombe, na nilikuwa mfungaji wa netiboli. Sikwambii kwa kujisifu, ila nilikuwa nikisimama chini ya lile goli, walimu wa shule nyingine wanaacha kuongea. Tukaja hapa Ifakara kwenye mashindano ya wilaya. Sketi zetu zilikuwa nyeupe, zimepigwa pasi mpaka zinasimama zenyewe. Kipindi cha pili nikahisi siku zangu zimenijia, na uwanja mzima umejaa watu. Nilikuwa na miaka kumi na mitano, hakuna aliyewahi kunieleza kitu. Nikafanya lililonijia kichwani, nikajiangusha, nikashika goti, nikalia. Mwalimu Yosefina akanifunika kanga kuanzia kiunoni, nikabebwa.

Kilio kilikuwa cha kweli, goti ndilo lilikuwa la uongo. Mwezi uliofuata wakaja kunichukua niende timu ya mkoa. Nikawaza sketi zile. Nikasema goti. Nikikuta watu wananitazama nachechemea, na ukichechemea miaka mingi mguu nao unaamini. Marehemu baba yako alilichua goti hili kwa mafuta ya nazi miaka kumi na tisa, kila Jumamosi. Alikuwa na mikono mizuri, nikashindwa kumwambia. Hilo linaniuma kweli, na haliko gotini.

Sasa nijibu kama mwanamke kwa mwanamke. Siku ya mechi ulikuwa kwenye siku zako?

Kama ndiyo, usirudi. Mimi nilirudi nyumbani na goti langu, na mpaka leo nipo nyumbani. Mwambie mwalimu wako ukweli, hata kama utamwambia ukitazama ukuta. Halafu nitumie vipimo vya timu nzima. Sitaki namba, wasichana mkishika futi mnajipunguza. Nataka nyuzi, kama wanavyoniletea akina mama wa mashambani. Kila mmoja azungushe uzi nyongani akate, halafu auzungushe kiunoni apige fundo pale unapokutana. Jina kwenye kipande cha karatasi. Firdausi ana jora la kitambaa cha bukta, rangi ya damu ya mzee. Usicheke, ndivyo rangi inavyoitwa.

Mama yako

*

Kambini Morogoro,
15 Machi 2025

Mama,

Shikamoo. Nimeshindwa kuanza na goti, sijui niliulizeje.

Ndiyo. Ulipouliza ulikuwa umeshajua. Nilijifungia chooni na ile bukta nyeupe mkononi mpaka gari likaondoka. Nimelia sana kwa barua yako, si kwa ajili yangu, kwa ajili ya baba na yale mafuta.

Mwalimu Maximilian nilimwambia nikitazama nguzo ya goli. Alinigeuzia mgongo, nikadhani nimeharibu. Kisha akasema ana mabinti watatu na hakuwahi kufikiria, na akatoka kwenda kwa katibu. Alirudi amenuna. Katibu anasema nyeupe ndiyo rangi ya klabu, na atakayetia mguu uwanjani na bukta nyingine asirudi kambini, akachukuliwe na aliyemshonea.

Basi nahodha wetu Kabula, Msukuma wa kule Mlimba, dada mmoja mkimya, akatukusanya bafuni. Kumbe mama, kila mmoja ana goti lake. Mwenzetu mmoja amekuwa akiugua jino kila mwezi, mwingine amefiwa na bibi yule yule mara tatu. Tulicheka mpaka mlinzi akagonga mlango. Kabula akasema tukivaa wote kumi na wanane, katibu atufukuze wote, acheze yeye na mke wake.

Nyuzi ni hizi. Mechi ni Jumapili ya tarehe 6 Aprili. Naogopa, mama. Nikifukuzwa hapa sijui timu nyingine itakayonichukua katikati ya msimu. Lakini vipimo nimevituma.

Omega wako

*

Ifakara,
24 Machi 2025

Omega,

Nyuzi zimefika kumi na nane, zote zina majina. Kazi nimeianza. Firdausi anakata kitambaa huku amefunga Ramadhani, midomo imemkauka na bado anabishana na mimi juu ya upindo. Bei hataki kuisikia. Kwaya nimewaambia Pasaka hii wavae za mwaka jana. Paskazia ameniambia nitajibu mbele ya Mungu, nikamwambia Mungu naye ana mwana, ataelewa.

Ila kuna jambo. Uzi wako wa Desemba, nilipokushonea gauni la Krismasi, bado unaning'inia kwenye msumari wangu. Nimeulaza kando ya huu mpya. Fundo limerudi nyuma vidole vitatu.

Uliniandikia mnakula mpaka mnasaza. Uzi hauandiki hivyo.

Sitakuuliza, utaniambia ni mazoezi. Bukta nitazileta mwenyewe Jumamosi ya kuamkia mechi. Sufuria kubwa mnayo, au nije nayo?

Mama yako

*

Kambini Morogoro,
9 Aprili 2025

Mama yangu,

Shikamoo. Tangu ulipopanda basi Jumapili asubuhi nimekuwa nikiandika kichwani, sasa nimepata kalamu. Bado nakulaumu kwa kuondoka kabla ya mechi. Ulisema mvua itakata barabara. Mimi nadhani uliogopa kutazama, na sikulaumu kwa hilo.

Kwanza chakula, maana najua ndicho unachokitafuta humu. Ulichofanya Jumamosi kinasimuliwa hadi leo. Mpishi anasema mama mfupi anayechechemea aliingia jikoni na gunia la mchele wa Mchombe kichwani, na alipolitua akaacha kuchechemea. Mpishi aliposema wanaume hula kwanza, wasichana hupewa kinachobaki, ukamjibu kwamba mchele huu haubaki. Tulikula sisi mwanzo, katibu amesimama mlangoni hajui amwite nani. Ni kweli mama, tulikuwa tunakula mabaki, siku nyingine uji tu. Sikutaka ujue kwa sababu ungenirudisha nyumbani. Sasa mwalimu ametutengea sufuria yetu. Si kila siku ina nyama, lakini ni yetu.

Mechi sasa. Tulivaa chumbani tumefunga mlango. Mama, zimekaa. Hakuna aliyefunga kamba ya kiatu kiunoni, na ule mfuko mdogo wa pedi uliouficha kwa ndani, Kabula alipougundua alikaa chini akaupapasa tena na tena. Tukatoka kumi na wanane rangi ya damu ya mzee. Katibu alikuja mbio hadi kwenye mstari, anamwambia kamisaa wa mchezo hatukubaliki. Kamisaa ni mama wa makamo. Akatupitia mmoja mmoja, akavuta upindo wa bukta yangu, akauliza, "Zote zinafanana?" Kabula akasema, "Zote, mama, hata mshono." Akasema, "Chezeni."

Tulifungwa mbili kwa moja. Ile moja nilitoa pasi mimi. Na mama, nilikuwa kwenye siku zangu, na nilicheza dakika zote tisini, na nilianguka mara mbili nikainuka bila kutazama nyuma yangu. Hilo ndilo nilitaka ulione.

Katibu hajatufukuza. Ametuandikia barua za onyo, kumi na nane, mkono ukamchoka akasaini tu za mwisho. Tutacheza tukiwa na onyo. Mwalimu ameomba rangi isajiliwe, hatujajibiwa.

Sasa na mimi naomba. Kile kitambaa kilichobaki ulikiacha, na yule mama kamisaa alinifundisha mshono wa mkono baada ya mechi. Firdausi aliniambia kitu siku aliponisindikiza Januari, nikakisahau: kwamba akina mama wa Ifakara wanacheza netiboli Jumamosi kwenye uwanja wa shule ya msingi, na wewe kila Jumamosi unapeleka nguo za wateja kwa njia hiyo hata kama wateja wako upande wa pili.

Nitumie uzi wako.

Binti yako,
Omega

*

Ifakara,
26 Aprili 2025

Omega mwanangu,

Marahaba, na heri ya Pasaka iliyopita. Kwaya waliimba vizuri wakiwa wamechakaa. Paskazia hanisalimii bado, lakini juzi kaniletea gauni la binti yake nilipunguze, kwa hiyo tuko njiani.

Firdausi mdomo wake hauna mlango, nimemwambia. Akasema kwani kuna siri gani, kila mtu ananiona nimesimama kwenye uzio wa shule mpaka mpira unaisha.

Nilipoondoka kabla ya mechi yako, uliotea sawa. Nilifika stendi nikaogopa. Basi lilipofika Kidatu niliomba redio wafungulie, abiria wakataka muziki. Nikawaambia mwanangu anacheza. Wakafungulia. Jina lako likatajwa namba nane, na nilijikuta nimesimama katikati ya basi, mzee mmoja aliyeniona napanda nikichechemea akaninyanyukia akisema mama kaa, goti hilo. Nikamwambia goti liko salama, baba, asante. Ni mtu wa kwanza niliyemwambia kwa mdomo.

Jumamosi iliyofuata nilienda kaburini kwa baba yako nikamwambia yeye wa pili. Nilipeleka na mafuta ya nazi. Usinicheke.

Wa tatu walikuwa akina mama wa netiboli, leo asubuhi. Wanahitaji mfungaji, aliyekuwepo kahamia Mlimba. Nilirusha mipira kumi nikiwa na gauni na kandambili. Saba haikuingia. Hakuna aliyeacha kuongea. Nitarudi Jumamosi.

Uzi ni huu. Ni mrefu, nimeukunja mara nyingi ili bahasha ifungike. Nimejipima mwenyewe na sikuvuta tumbo ndani. Ukishona, acha upindo mpana, bado naendelea kula.

Mama yako,
Luciana, mfungaji